Nikita na Anne Parillaud: kwa nini mhusika alitamba kuliko aliyemcheza?

Swali: Nilimjua Nikita kwanza kupitia tamthilia ya Kimarekani iliyochezwa na Maggie Q, na hivi karibuni nikaitazama filamu ya Kifaransa ya mwaka 1990 ambayo tamthilia hiyo ilitokana nayo. Nimeshangaa kwamba Anne Parillaud, aliyeicheza, sikuwahi hata kumsikia. Alikuwa nani kabla ya filamu ile? Alifanya nini hasa mle ndani hata akapewa tuzo kubwa ya Ufaransa? Kwa nini baada ya hapo hakuendelea kuwa stelingi wa filamu za mapigano kama wanaume walivyoendelea? Au kazi yote ilikuwa ya mwongozaji?

Jibu: Ndugu msomaji, naomba nianze na kipande cha mwisho cha swali lako, kwa kuwa ndicho kinachobishaniwa zaidi na ndicho kitakachotufungulia vingine. Ni kweli kwamba Luc Besson ndiye aliyeiandika Nikita na kuiongoza, na kwamba alipouandika uhusika huo alimkusudia Parillaud, ambaye wakati huo alikuwa mwenzi wake na mama wa mtoto wake. Kwa sababu hiyo wapo waliosema tangu mwanzo kwamba mwigizaji alikuwa udongo tu mikononi mwa mfinyanzi. Mimi sikubaliani nao, na sababu yangu si huruma. Hadithi hiyo hiyo imerudiwa na watu wengine mara kadhaa, katika mabara mawili, na mara nyingine kwa fedha nyingi kuliko alizokuwa nazo Besson, lakini kila iliporudiwa ilikuja na bastola zake, milipuko yake na nguo zake nzuri, huku kitu kimoja kikiwa kimebaki Paris. Kama kitu hicho kingekuwa cha mwandishi peke yake, kingehama pamoja na hadithi. Hakikuhama kwa sababu kilikaa katika uso, sauti na mwili wa mtu mmoja.

Tuanze basi na maisha yake kabla ya hapo. Anne Parillaud alizaliwa Paris tarehe 6 Mei 1960, akajifunza dansi ya baleti tangu utotoni, na akaonekana katika filamu angali kijana, alipopata nafasi ndogo katika kichekesho cha Michel Lang kiitwacho L'Hôtel de la plage, cha mwaka 1978, kinachohusu familia zinazokwenda likizo ufukweni. Mwaka 1980 alicheza katika Girls ya Just Jaeckin, mwongozaji ambaye jina lake lilikuwa limekwisha kufungamana na filamu za mapenzi zenye kuonyesha miili ya wanawake kuliko kuonyesha fikra zao. Ukiangalia orodha ya kazi zake za miaka hiyo utaona kwamba aliitwa kwa sababu ya sura, na hilo halikuwa jambo la ajabu katika sinema ya Kifaransa ya wakati ule, wala halikuwa jambo la Ufaransa pekee.

Kisha akaingia katika filamu za polisi na majambazi, ambazo Wafaransa huziita polar, na aliyemwingiza ni Alain Delon mwenyewe. Delon alikuwa tayari nguzo ya filamu za namna hiyo kwa takriban miaka ishirini, na mwaka 1981 alipoamua kuongoza filamu yake ya kwanza, Pour la peau d'un flic, alijipa uhusika wa mpelelezi wa kujitegemea na kumpa Parillaud uhusika wa katibu wake. Miaka miwili baadaye wakarudi pamoja katika Le Battant, ambamo Delon ni mfungwa aliyetoka gerezani huku kila mtu akimwinda kwa ajili ya almasi zilizofichwa. Nazitaja filamu hizi mbili kwa makusudi, kwani zinaonyesha vizuri mwanamke alikuwa na kazi gani katika filamu ya mapigano ya Kifaransa kabla ya 1990. Alikuwa akimsubiri shujaa, akimtania, akimpenda, akitekwa ili shujaa apate sababu ya kugombana. Parillaud aliifanya kazi hiyo kwa wepesi na uchangamfu, na asingeweza kufanya zaidi kwa kuwa skripti zenyewe hazikuwa na nafasi ya zaidi.

Baada ya Delon alipungua machoni pa watazamaji. Miaka ya katikati ya themanini ilipita bila filamu ya kumbeba, hadi mwaka 1988 alipocheza Juillet en septembre ya Sébastien Japrisot, ambaye wengi humjua zaidi kama mwandishi wa riwaya za uhalifu, na mwaka 1989 akawa na nafasi katika Che ora è ya Mwitaliano Ettore Scola, filamu ambayo kwa hakika ni ya Marcello Mastroianni na Massimo Troisi. Kwa hiyo Nikita haikumtoa msichana aliyeokotwa barabarani, kama wengine wanavyopenda kusimulia. Ilimtoa mwanamke aliyekaribia miaka thelathini, aliyekuwa mbele ya kamera kwa zaidi ya miaka kumi, ambaye watu waliitambua sura yake kabla ya kulikumbuka jina lake.

Sasa tuje kwa Besson. Katika miaka ya themanini walitokea waongozaji watatu vijana waliozungumzwa kwa pamoja, yaani Jean-Jacques Beineix, Leos Carax na yeye, ambao mhakiki Raphaël Bassan aliwaweka katika kundi moja mwaka 1989 na kuliita cinéma du look. Walilaumiwa kwamba wanapenda rangi, taa na vioo kuliko wanavyopenda mawazo. Watazamaji vijana hawakuijali lawama hiyo. Filamu ya Besson ya mwaka 1988, Le Grand Bleu, inayohusu wapiga mbizi wanaoshindana kushuka kina kirefu bila mtungi wa hewa, ilidhihakiwa na wahakiki wengi ilipofungua tamasha la Cannes, kisha ikauza tiketi zaidi ya milioni 9 nchini Ufaransa. Mtu aliyeuza tiketi kiasi hicho hakatazwi kitu na kampuni ya filamu, na kampuni ya Gaumont haikumkataza Besson alipotaka kutengeneza filamu ya mapigano ambayo stelingi wake ni mwanamke.

Jambo hilo lilikuwa jipya, ingawa halikukosa asili. Mwaka 1915 na 1916, katika filamu ya vipande ya Louis Feuillade iitwayo Les Vampires, mwigizaji Musidora alivaa vazi jeusi la kubana na kutambaa juu ya mapaa ya Paris kama mhalifu Irma Vep, na Wafaransa hawajamsahau mpaka leo. Mwaka 1968 Jeanne Moreau aliwaua wanaume mmoja baada ya mwingine katika La Mariée était en noir ya François Truffaut. Sidhani ni bahati tu kwamba Moreau huyohuyo ndiye anayecheza Amande katika Nikita, bibi mwenye haiba anayemfundisha msichana huyo kujipaka rangi ya midomo na kutabasamu. Muuaji mzee wa sinema ya Kifaransa anamrithisha kazi muuaji mpya, naye anamrithisha mbele ya kioo, akiwa na kikasha cha vipodozi.

Umeitazama filamu, kwa hiyo sitaisimulia yote, lakini nitakurudisha kwenye sehemu chache ambazo huenda ulizipita haraka kwa kuwa macho yalikuwa yakisubiri risasi. Mwanzoni kundi la mateja linavunja duka la dawa usiku, na Nikita, aliyekaa chini akiwa amezama katika uraibu, anamuua polisi kwa karibu sana, kama mtu asiyejua kama yuko macho au anaota. Parillaud hachezi ukatili hapo. Anacheza mtu ambaye hajawahi kufundishwa kwamba binadamu mwingine yupo. Katika kituo cha polisi anamchoma ofisa mkononi kwa penseli. Mahakamani anapohukumiwa kifungo cha maisha anapiga kelele na kurusha mateke akiburutwa. Sauti yake si ya mwanamke mrembo anayejifanya mkali, ni sauti ya koo iliyokwaruzwa. Kisha inakuja sindano. Anaamini kwamba anauawa, na mtu huyu ambaye dakika chache zilizopita alikuwa kama mnyama anaanza kumlilia mama yake. Hapo ndipo filamu inapomshika mtazamaji, na haishiki kwa mlipuko wala kwa mbio za magari.

Anaamka katika chumba cheupe na kuambiwa na Bob, ofisa wa idara ya siri ya serikali anayechezwa na Tchéky Karyo, kwamba rasmi amekwisha kufa na kuzikwa, na kwamba anaweza kuchagua kuifanyia kazi serikali au kulala kaburini kweli. Mafunzo yanayofuata ndiyo yaliyoigwa zaidi na filamu zilizokuja baadaye: kulenga shabaha, mapigano ya mikono, kompyuta, adabu za mezani. Angalia, hata hivyo, Parillaud anavyoyacheza. Anamng'ata sikio mwalimu wa mapigano kisha anacheza dansi. Katika darasa la kompyuta anapoambiwa ashike kipanya, anatoa panya mzima na kumweka mezani. Ni utundu wa mtoto, na mwigizaji anauweka huko ili tupime baadaye ni kiasi gani cha mtoto huyo kimeuawa. Mafunzo ya baleti aliyoyapata utotoni yanaonekana pia, kwa namna isiyo ya kawaida, kwa kuwa anayatumia kinyume. Katika nusu ya kwanza anatembea mabega yakiwa yameinama, magoti yakiwa yamelegea, miguu ikiburuzwa. Kadiri Amande anavyomfundisha, uti wa mgongo unanyooka kidogo kidogo, mpaka anapoingia mgahawani akiwa na nguo nyeusi fupi unamwona dansa aliyekuwa amefichwa muda wote.

Mgahawa huo ni Le Train Bleu, ulio ndani ya stesheni ya treni ya Gare de Lyon mjini Paris, wenye dari za michoro na dhahabu, na upo hadi leo. Tukio lililopigwa humo ndilo ningemwonyesha mwanafunzi yeyote wa uigizaji. Ni siku ya kuzaliwa ya Nikita, ni mara yake ya kwanza kutoka nje tangu aingie mafunzoni, na Bob anamkabidhi zawadi. Uso wa Parillaud katika sekunde hizo ni uso wa binti aliyepewa kitu na mtu anayempenda, na machozi yako karibu. Anafungua, na ndani kuna bastola kubwa. Bob anamweleza kwa sauti ya chini ni nani wa kuuawa katika meza ya nyuma na kwamba atatokea dirisha la choo. Furaha inaondoka usoni pake, lakini haiondoki mara moja: kwanza anangoja kuambiwa kwamba ni utani, kisha anaelewa, kisha anaona aibu kwa kuwa alifurahi. Hatua hizo tatu anazipita bila kusema neno lolote la maana. Anaua, anakimbilia chooni, na dirisha limejengewa matofali. Kinachofuata jikoni, pamoja na risasi zile na kuruka ndani ya bomba la takataka, ni kazi nzuri ya mpiga picha Thierry Arbogast na mafundi wa milipuko. Lakini tunaogopa kwa ajili yake kwa sababu ya kile kilichotokea mezani.

Hapa ndipo ilipo tofauti ya Parillaud na karibu wote waliomfuata. Mpiganaji wa sinema kwa kawaida anajua kazi yake na anaifurahia. Nikita anaijua kazi lakini haizoei. Anapiga shabaha vizuri huku akilia, na baada ya kuua anatetemeka kama mtu aliyetoka kwenye maji baridi. Mjini Venice, alikokwenda na mpenzi wake Marco kwa safari aliyodhani ni zawadi, amri inamfikia akiwa hotelini. Anajifungia bafuni, anaunganisha bunduki ya mdunguaji na kulenga nje, wakati Marco, anayechezwa kwa upole mkubwa na Jean-Hugues Anglade, amekaa upande wa pili wa mlango akimweleza jinsi anavyompenda na kumuuliza kwa nini hamjibu. Parillaud lazima acheze mambo mawili yanayovutana: mikono isiyotikisika na uso unaobomoka. Ukimwondolea mojawapo, tukio linakuwa la kawaida.

Lipo tukio jingine, la kimya zaidi, ambalo nadhani ndilo bora kuliko yote, na wengi hulisahau kwa kuwa hamna silaha inayotumika. Bob anaalikwa kula chakula cha jioni kwa Nikita na Marco akijifanya mjomba, na Marco, ambaye hajui lolote kuhusu maisha ya nyuma ya mchumba wake, anamwomba asimulie Nikita alikuwaje alipokuwa mdogo. Bob anabuni papo hapo kisa cha utoto mtamu. Tazama namna Parillaud anavyosikiliza uongo huo: kama mtu anayeonyeshwa nyumba ambayo angependa kuwa amelelewa ndani yake. Jambo hilo halimo katika skripti yoyote kama maneno. Mwandishi anaweza tu kuandika kwamba mhusika anasikiliza.

Ninaposema hivi sitaki kuwanyang'anya wengine haki yao. Muziki wa Éric Serra, wenye mapigo ya mashine na nyuzi za huzuni, unaifanya Paris ionekane mji usiokuwa na majirani. Jean Reno, katika dakika chache tu kama Victor, mtu anayeitwa kusafisha kazi zilizoharibika kwa kumwaga tindikali juu ya maiti, aliiacha picha yenye nguvu hata Besson akaichukua na kuitanua kuwa filamu nzima, Léon, mwaka 1994. Naye Besson alijua kukata tukio linapofika kileleni na kuhamia lingine bila kueleza. Mapungufu yake pia yanaonekana: nusu ya pili ya filamu ina misheni ya balozi isiyoeleweka vizuri, na hatujui serikali inaua watu hawa kwa nini. Parillaud anatuvusha hapo. Kwa kuwa yeye haulizi sababu, nasi tunaacha kuuliza.

Filamu ilitoka Ufaransa tarehe 21 Februari 1990 na kuuza tiketi zaidi ya milioni 3. Wahakiki waligawanyika, kama ilivyokuwa desturi yao kwa Besson. Katika tuzo za César za mwaka 1991, ambazo ndizo kubwa kuliko zote katika sinema ya Ufaransa, usiku huo ulikuwa wa Cyrano de Bergerac, iliyoondoka na tuzo 10. Nikita ilikuwa imependekezwa katika vipengele kadhaa na ikapata tuzo moja tu, ya mwigizaji bora wa kike. Italia nayo ikampa Parillaud tuzo ya David di Donatello ya mwigizaji bora wa kigeni. Wajumbe wa César walimnyima Besson na hawakumnyima yeye, na mtu anayedai kwamba kazi yote ilikuwa ya mwongozaji anapaswa kulifikiria jambo hilo kidogo.

Sasa swali lako gumu: kwa nini hakuendelea? Sehemu ya jibu iko Marekani. Nikita ilipoonyeshwa huko ikiwa katika Kifaransa ilipata takriban dola milioni 5, kiasi kizuri kwa filamu yenye maandishi ya tafsiri chini ya picha, lakini kidogo sana kwa Hollywood. Uamuzi wao ukawa kuinunua hadithi badala ya kumwita mwigizaji. Mwaka 1993 John Badham aliitengeneza upya kwa jina la Point of No Return, akamweka Bridget Fonda, akafuata matukio karibu hatua kwa hatua, na filamu ikaingiza takriban dola milioni 30 nchini humo. Hong Kong ilikuwa imewahi kabla yao kwa Black Cat ya mwaka 1991, ambamo Jade Leung anapewa hatima inayofanana mno na ya Nikita. Wakanada wakafuata na tamthilia ya La Femme Nikita kuanzia 1997 hadi 2001, wakimtumia Peta Wilson, kisha ikaja hiyo uliyoitazama wewe, ya Maggie Q, iliyoonyeshwa kuanzia 2010 hadi 2013. Jina la Nikita likazunguka dunia huku uso ukibadilishwa kila linapovuka mpaka. Wanunuzi hao waliona kwamba chenye thamani ni mwanamke mrembo mwenye bastola, na hicho kinapatikana kila nchi. Machozi hawakuyahesabu kama bidhaa.

Sehemu ya pili ya jibu ni uchaguzi wake mwenyewe. Parillaud na Besson waliachana, na kwa kuachana huko alipoteza mwongozaji ambaye angeweza kumwandikia filamu nyingine ya namna hiyo, maana Ufaransa ya wakati ule haikuwa na waongozaji wengi wenye fedha na hamu ya kufanya hivyo. Lakini ukitazama alichokichagua baada ya hapo, huoni mtu aliyekuwa akiitafuta Nikita ya pili. Mwaka 1992 alikwenda Marekani kucheza Innocent Blood ya John Landis, akiwa mwanamke mnyonya damu anayewala majambazi wa mafia wa Pittsburgh. Filamu hiyo haikufanya vizuri sokoni, ingawa yeye anaonekana kufurahia utani wake. Katika Map of the Human Heart ya Vincent Ward alikuwa Albertine, mwanamke wa Kanada mwenye asili mchanganyiko ambaye maisha yake yanakatwa na ubaguzi na Vita Kuu ya Pili. Mwaka 1994 akaingia katika À la folie ya Diane Kurys pamoja na Béatrice Dalle, hadithi ya ndugu wawili wa kike wanaoumizana ndani ya nyumba moja. Hizi si kazi za mtu anayetaka kulinda jina lililopatikana kwa bastola.

Mara moja alirudi kwenye muuaji, na alirudi kwa njia ya kejeli. Raúl Ruiz, mwongozaji wa Chile aliyeishi Ufaransa na aliyependa hadithi zinazojikunja ndani ya hadithi nyingine, alimpa katika Shattered Image ya mwaka 1998 mwanamke ambaye usiku mmoja ni muuaji huko Seattle anayeota kwamba ni bibi harusi nchini Jamaika, na usiku mwingine ni bibi harusi anayeota kwamba ni muuaji. Filamu yenyewe haikufaulu sana, lakini ukiitazama ukiwa unamkumbuka Nikita utaona kwamba Ruiz alijua fika ni uso wa nani aliokuwa akiuchezea.

Mwaka huohuo wa 1998 Hollywood ilimwita tena, kwa The Man in the Iron Mask, akawa Malkia Anne, mama wa mfalme anayechezwa na Leonardo DiCaprio. Filamu ilipotoka Parillaud alikuwa na umri wa miaka 37, na DiCaprio ana umri mdogo kuliko wake kwa miaka 14. Jeremy Irons, John Malkovich, Gabriel Byrne na Gérard Depardieu, ambao wote ni wakubwa kuliko yeye, katika filamu hiyohiyo wanapewa panga na kupigana. Yeye aliyekuwa amebeba filamu nzima ya mapigano miaka minane kabla amekaa akisubiri wanaume wamalize. Sijui mfano mwingine ulio wazi kuliko huo wa namna biashara ya sinema inavyohesabu miaka ya mwanamke.

Kuhusu Besson na sinema ya mapigano ya Kifaransa kwa jumla, mambo yalikuwa makubwa zaidi baada ya hapo, lakini si kwa wanawake wote. Alitayarisha Taxi mwaka 1998, na mwaka 2000 akaanzisha pamoja na Pierre-Ange Le Pogam kampuni ya EuropaCorp, iliyouza filamu za mbio na mapigano duniani kote, zikiwemo The Transporter ya mwaka 2002 na Banlieue 13 ya mwaka 2004, ambazo bila shaka wapenzi wengi wa filamu katika vibanda umiza vya kwetu wamewahi kuziona bila kujua kwamba zimetengenezwa na Wafaransa. Katika Taxi, Marion Cotillard alijulikana akiwa Lilly, mpenzi wa dereva, na kwa miaka kadhaa kazi yake ilikuwa kulalamika kwamba dereva amechelewa kurudi. Ilimbidi atoke kabisa katika filamu za namna hiyo ndipo apate La Môme ya mwaka 2007 iliyompa Oscar. Shu Qi katika The Transporter anaanza akiwa ndani ya mfuko kwenye buti la gari. Hiyo ni ile kazi ya Parillaud kwa Delon, imerudi ikiwa na muziki mpya. Besson mwenyewe aliendelea kupenda wanawake wanaoua, kuanzia Lucy ya mwaka 2014 hadi Anna ya mwaka 2019, na katika Colombiana ya mwaka 2011 aliyoishiriki kuiandika na iliyoongozwa na Olivier Megaton. Kila mmoja wao ni hodari kuliko Nikita. Hakuna anayelia bafuni.

Ukitaka kumwona Parillaud katika ubora wake nje ya Nikita, itafute kwanza Sex Is Comedy ya Catherine Breillat ya mwaka 2002, ingawa ni filamu ya watu wazima na haifai kutazamwa na watoto. Humo anacheza mwongozaji wa filamu anayepambana na waigizaji wawili vijana wasiopendana ambao lazima wapige tukio la mapenzi. Ni yeye sasa anayewaelekeza wengine wafanye nini na miili yao mbele ya kamera, anawabembeleza, anawadanganya, anawakaripia, na unaona kwamba anaijua kazi hiyo kutoka pande zote mbili. Mwaka huohuo alirudi kwenye filamu za polisi katika Gangsters, kazi ya kwanza ya Olivier Marchal, mwongozaji aliyewahi kuwa polisi kweli, na safari hii si katibu wa mtu. Ce que le jour doit à la nuit ya Alexandre Arcady, ya mwaka 2012, inayosimulia Algeria ya wakati wa ukoloni, inamwonyesha katika uhusika mdogo wa Madame Cazenave ambao hata hivyo ndio unaoamua hatima ya wapenzi wawili wa hadithi.

Nikita yenyewe, kama uliyoitazama ilikuwa imeingizwa sauti za Kiingereza, itafute tena yenye sauti za Kifaransa, hata kama itakulazimu kusoma maandishi chini ya picha. Tuzo ile ya César ilitolewa kwa nusu ya uso na nusu ya sauti, na katika nakala ya Kiingereza anayemlilia mama wakati wa sindano ni mtu mwingine.